Manjano haijioteshi yenyewe: mmea, dawa yake, na hivi vidonge vya siku hizi

Wengi tunaijua manjano ikishakuwa unga. Iko kwenye kopo, inatia rangi, inachafua vidole na nguo, basi. Ila ukimwonyesha mtu mmea wenyewe ukiwa bado na majani atakwambia ni tangawizi, au mgomba mdogo, na hilo linaniuma kiukweli, maana huu mmea mimi nauona ni kati ya mimea ya ajabu kabisa kwenye dawa za asili na huwezi kuielewa dawa yake vizuri kama hujaelewa kwanza inavyoota. Kwa hiyo naanzia kwenye udongo, halafu ndo twende kwenye vidonda na matumbo na magoti, na mwisho nitafika kwenye vidonge, sababu vidonge ndo vimenifanya nikae chini niandike haya yote.

Jina la kitaalamu ni Curcuma longa, Linnaeus, yule mtaalamu wa mimea wa Sweden, ndo aliyeliandika mwaka 1753. Ukoo wake ni ule wa tangawizi, Zingiberaceae, na humo wamo pia iliki na khulanjani, chana jani la yeyote kati ya hawa ulinuse utajua mwenyewe kuwa ni ndugu. Sasa kile tunachoita mzizi wa manjano sio mzizi. Ni shina, ila ni shina linalotambaa chini ya udongo, wataalamu wanaliita rizomu, na ushahidi uko palepale mkononi mwako ukilishika: lina pingili, kila pingili ina kovu la jani lililokauka, na ina jicho, na hilo jicho ndo linakuja kuchipua. Mizizi yenyewe ni zile nyuzi za pembeni, na baadhi ya hizo nyuzi zinavimba kwenye ncha zinakuwa viazi vidogo vilivyopauka ambavyo wapikaji wengi wanavitupa. Katikati kuna kiazi mama, kinene cha mviringo, na kutoka kwake vinachomoza vidole, na vidole navyo vinazaa vidole.

Kinachosimama juu ya ardhi nacho sio shina la kweli, ni ala za majani zilizokumbatiana, kama mgomba ulivyo. Mmea wote unafika kama mita moja hivi, majani marefu yamechongoka. Ua linatokea katikati ya majani, suke lenye magamba yaliyopangana, ya chini kijani kilichopauka na ya juu meupe au yenye wekundu kidogo, na watu wengi wanadhani hayo magamba ndo ua. Ua lenyewe ni dogo, la njano, limejificha ndani ya yale magamba ya chini, usipoinama hulioni.

Na hapa ndo penyewe sasa. Hilo ua halileti mbegu, au tuseme kupata mbegu inayoota ni jambo la nadra mno. Mimea mingi ina seti mbili za kromosomu, zile nyuzi za urithi ndani ya seli, moja ya upande wa baba na moja ya upande wa mama, lakini manjano inabeba seti tatu, 21 mara tatu, jumla 63, na wakati wa kutengeneza mbegu inabidi zigawanyike nusu kwa nusu, sasa tatu utaigawanyaje nusu? Haigawanyiki vizuri, mbegu zinakufa kabla hazijawa mbegu. Na porini haijulikani kuwepo. Inaaminika chanzo chake ni huko Asia ya Kusini au Kusini-Mashariki, mimea ya mwitu ya jamii hiyo ilichanganyika, watu wakaipenda, wakaanza kuipanda na kuchagua iliyo bora, na tangu hapo haijawahi kuachwa peke yake.

Fikiria maana yake. Kila kidole cha manjano ulichowahi kukigusa kimekatwa kutoka kwenye kidole kingine, na hicho kutoka kwa kingine, maelfu ya miaka nyuma, na kila mara kulikuwa na mkono wa mtu unaokata na kufukia. Ndege hawakuibeba, upepo haukuibeba. Wasafiri wa Polynesia, visiwa vya bahari ya Pasifiki, waliipakia kwenye mitumbwi yao wakavuka nayo bahari mpaka Hawaii, huko inaitwa olena, na kwenye mtumbwi nafasi ni ndogo, unabeba chakula, maji, watoto, na vile ambavyo huwezi kuishi bila navyo. Kwangu mimi hiyo ni hoja nzito kuliko tangazo lolote. Watu waliijua kazi yake ndo maana wakahangaika nayo.

Kuipanda sio kazi ngumu, hili nitalipitia haraka. Chukua kipande chenye macho mawili au matatu yaliyovimba, kifukie sentimita 5 mpaka 7, udongo tifutifu usiotuamisha maji, joto la nyuzi 20 mpaka 30 inalipenda sana, kivuli chepesi haikatai. Mimi naiotesha hata kwenye ndoo iliyotobolewa chini. Mwezi wa kwanza unaweza usione kitu, usifukue! Baada ya miezi 7 mpaka 10 majani yanageuka rangi yanakauka yanalala chini, hapo ndo inakwambia iko tayari. Usiivune ikiwa bado kijani, rangi inakuwa haijakaa.

Wakulima wakubwa, hasa India ambako ndo inalimwa kuliko sehemu nyingine yoyote duniani, wanazichemsha kabla ya kuzianika, na kuna sababu kadhaa: yale macho yanakufa kwa hiyo haichipui ikiwa stoo, wanga unaiva na rangi inasambaa sawasawa ndani, na inakauka haraka zaidi. Ikitoka shambani karibu robo tatu ya uzito wake au zaidi ni maji, mpaka ikauke vizuri kilo 5 za mbichi zinabaki kilo 1 hivi. Kisha zinasuguliwa ganda la nje litoke zing'ae, halafu ndo zinasagwa. Hiyo hatua ya kusugua ikumbuke, nitairudia chini.

Rangi yenyewe inaitwa kurkumini. Wanakemia Vogel na Pelletier waliitenga mwaka 1815, ila umbo lake la kikemia likaja kujulikana 1910, karibu karne nzima baadaye. Kwenye unga mkavu sio nyingi kama watu wanavyodhani, kwenye gramu 100 za unga unapata kama gramu 2 mpaka 5 tu, mara nyingi karibu na 3, na inakuja na ndugu zake wawili wanaofanana nayo sana. Harufu haitokani nayo kabisa, harufu ni ya mafuta mepesi yaliyomo kwenye rizomu, na hayo mafuta nayo yana kazi zake ila hayatajwi sana sababu hayana rangi ya kupendeza ya kuweka kwenye tangazo.

Kurkumini ina tabia tatu, na ukizishika hizo tatu nusu ya mambo ya dawa yanajieleza. Kwanza haiyeyuki kwenye maji, inayeyuka kwenye mafuta na pombe. Koroga unga wa manjano kwenye maji baridi uache, utaona unatuama chini. Pili inabadilika rangi ikikutana na kitu cha magadi, kutoka njano inakuwa nyekundu ya kahawia, ndo maana doa la manjano ukilipaka sabuni ya mche linageuka jekundu na watu wanashtuka wanadhani nguo imeharibika kabisa. Hata maabara za zamani zilitumia karatasi iliyochovywa manjano kupimia magadi, na kule India ukichanganya manjano na chokaa unapata ule unga mwekundu wa kumkum wanaojipaka usoni, ni kemia ileile. Tatu haivumilii mwanga. Jua linaiua. Nguo yenye doa la manjano ifue kisha ianike juani, siku mbili tatu inaisha yenyewe, na kwa sababu hiyohiyo unga wako usiuweke kwenye chupa inayopigwa na jua dirishani.

Haya, dawa.

Ukiangalia matumizi ya zamani sehemu mbalimbali utaona kuna mambo yanajirudia bila watu kuambizana. Kwenye Ayurveda, tiba ya jadi ya India, inaitwa haridra, inapakwa kwenye vidonda, majipu, upele na ngozi inayowasha, na inanywewa kwenye maziwa au samli kwa kikohozi na maumivu. Wachina wana dawa mbili tofauti kutoka kwenye kundi hili la mimea, rizomu wanaiita jianghuang na vile viazi vya kwenye ncha za mizizi wanaviita yujin, kila moja na kazi yake, yaani hicho wapikaji wanachotupa kwao ni dawa inayojitegemea. Indonesia kuna kinywaji cha manjano na ukwaju, kunyit asam, wanawake wanakunywa kwa maumivu ya siku zao. Thailand ni ya tumbo, gesi na kiungulia na chakula kukaa vibaya. Hawaii waliikamua kwenye kitambaa wakadondoshea sikio linalouma (hiyo mimi siwashauri, sikio lenye ngoma iliyotoboka halitaki kitu chochote kiingie humo).

Sasa panga hivyo vitu pembeni uviangalie. Kidonda, ngozi, tumbo, sikio. Karibu vyote ni mahali ambapo manjano inagusa yenyewe moja kwa moja. Na pale ambapo walitaka ipite ndani ya mwili waliiweka kwenye samli au maziwa, yaani kwenye mafuta, na hakuna aliyewafundisha kuwa kurkumini haiyeyuki kwenye maji, waliona tu kwa kutumia vizazi na vizazi. Huu ndo msimamo wangu kuhusu manjano na sijaona cha kunibadilisha: nguvu yake kubwa iko pale inapogusa, na wazee walilijua hilo kabla ya maabara.

Kidonda ndo kilichofikisha manjano kwenye ugomvi wa kisheria, na hii stori kila anayependa mitishamba anatakiwa kuijua. Machi 1995 ofisi ya hataza ya Marekani (hataza ni haki ya kisheria anayopewa aliyevumbua kitu) iliwapa watafiti wawili wa kituo cha tiba cha University of Mississippi hataza namba 5,401,504, ya kutumia manjano kuponya vidonda. Hataza! Yaani kitu ambacho mabibi wa India wanawapaka wajukuu wakianguka, mtu anaandikishwa kuwa amekivumbua yeye. Baraza la utafiti wa sayansi na viwanda la India, CSIR, chini ya Raghunath Mashelkar, likaomba ipitiwe upya mwaka 1996, na ugumu ukawa hapa, kusema tu kila mtu anajua haitoshi, sheria inataka maandishi yaliyochapishwa. Wakakusanya maandiko 32, mengine ya Kisanskriti ya zamani sana, na moja ni makala ya jarida la chama cha madaktari wa India ya mwaka 1953. Agosti 1997 hataza ikatenguliwa. Baada ya hapo India ikaanza kujenga maktaba ya kidijitali ya maarifa ya jadi, mapishi ya dawa yametafsiriwa kwa lugha kadhaa ili wakaguzi wa hataza wayaone kabla hawajampa mtu kitu kisicho chake. Mimi najiuliza ni dawa ngapi ambazo ziko kwenye vichwa vya wazee tu, hazijaandikwa popote, na siku mtu akiziandikisha hakuna karatasi ya kumpinga. Hilo linanikosesha raha kuliko mengi, na ndo sababu nasema kila siku andikeni, hata kwenye daftari la shule, andikeni na tarehe.

Turudi mwilini. Ukimeza kurkumini, nyingi inapita tu na kutoka, na hiyo kidogo inayopenya, utumbo na ini vinaibadilisha harakaharaka iondoke. Kwenye damu inabaki kiasi ambacho vipimo vinahangaika kukiona. Ndo maana mwaka 1998 watafiti wa India walijaribu kuwapa watu gramu 2 za kurkumini pamoja na miligramu 20 za piperini, ile kali ya kwenye pilipili manga, na upatikanaji wa kurkumini kwenye damu ukapanda kwa asilimia 2,000. Hiyo namba imeandikwa kwenye makopo dunia nzima, ila watu hawaambiwi kuwa ilikuwa inapanda kutoka karibu na sifuri, na piperini inafanya kazi kwa kuzuia ini na utumbo visisafishe, na vikizuiwa visisafishe manjano vinazuiwa pia visisafishe dawa zingine unazokunywa.

Tumbo sasa, ambako haihitaji kuingia kwenye damu, matokeo ni mazuri na yanavutia. Thailand mwaka 2023 walichapisha jaribio la watu 206 wenye tumbo lisilosaga vizuri, wengine wakapewa kurkumini, wengine omeprazole ambayo ni dawa ya hospitali ya kila siku ya kupunguza asidi tumboni, wengine vyote viwili, na nafuu ikawa inafanana. Sio jaribio kubwa, na sio wachache ambao hawakumaliza mpaka mwisho, lakini ni dawa ileile ya wazee wa Thailand kwa ugonjwa uleule, imewekwa kwenye mizani ikasimama. Magoti nayo, hukohuko Thailand mwaka 2014, watu 367 wenye magoti yaliyochakaa walilinganishwa, miligramu 1,500 za kiini cha manjano kwa siku dhidi ya ibuprofen, wiki nne, maumivu yakapungua karibu sawa na upande wa manjano ukalalamika tumbo kidogo kuliko wale wengine. Kwa hiyo siwezi kusema haifiki ndani kabisa, goti liko mbali na tumbo. Ila wiki nne ni wiki nne.

Upande mwingine, yale madai ya kutibu kansa, kisukari, na kila kitu kilichopo kamusini, hayo hapana. Mwaka 2017 wanakemia wa dawa waliandika mapitio marefu wakaonyesha kwamba kurkumini inadanganya vipimo vya maabara, inang'aa, inashikamana na protini ovyoovyo, inavunjika yenyewe, kwa hiyo kwenye sahani ya kioo inaonekana inatibu kila kitu. Mtu aliyeacha matibabu ya kansa akashika manjano namwomba arudi hospitali, namwomba kabisa, manjano ale kwenye chakula huku matibabu yanaendelea.

Kuna kitu cha uchafuzi nacho, na hapa ndo ile hatua ya kusugua inarudi. Bangladesh tangu miaka ya 1980, baada ya mafuriko kulowesha mazao yakapoteza rangi, baadhi ya wasindikaji walianza kurushia rangi ya njano ya viwandani wakati wa kusugua ili zing'ae. Rangi hiyo ina madini ya risasi. Risasi inaharibu ubongo wa mtoto na haina kiasi salama. Watafiti wa chuo cha Stanford cha Marekani na wa icddr,b, kituo cha utafiti wa afya cha kulekule Bangladesh, walilifuatilia, matokeo yakatoka 2019, serikali ikaingia na vipimo na faini, na manjano zenye risasi sokoni zikashuka kutoka asilimia 47 mwaka 2019 mpaka sifuri mwaka 2021. Miaka miwili tu! Inaonyesha inawezekana mtu akiamua. We kwa upande wako, rizomu zinazong'aa njano kali kwa nje zikuache na wasiwasi, manjano safi kwa nje ni ya kahawia iliyofifia, njano iko ndani. Au panda yako.

Na vidonge sasa. Manjano ya kwenye chakula mwili unaizoea, ni kidogo na imeandamana na mafuta na vingine. Kidonge kimoja kinaweza kubeba kurkumini ya unga ambao hakuna mtu angeweza kuula kwa siku, halafu wameongeza piperini ili ipenye. Huo sio utaratibu wa wazee tena, ni dawa mpya iliyovaa jina la zamani. Mtandao wa Marekani unaofuatilia maini yaliyoumizwa na dawa uliripoti watu 10 walioumia ini kwa sababu ya manjano, kesi zote kuanzia 2011, watano walilazwa, mmoja alifariki, na 7 kati ya hao 10 walikuwa na jeni ya aina moja inayohusika na kinga ya mwili, yaani kuna watu wamezaliwa na mwili ambao hautaivumilia na hawajui. Italia nao walipata wagonjwa wa ini kutokana na hivi vidonge mwaka 2019. Ni wachache ukilinganisha na mamilioni wanaotumia, ila uchache haukusaidii ukiwa wewe.

Kwa hiyo mwenye mawe kwenye nyongo, vidonge hivi aviache kabisa, manjano inakibana kifuko cha nyongo kijikamue na jiwe linaweza kukwama njiani. Anayetumia dawa za kuzuia damu kuganda, mfano wafarini, asiguse bila daktari wake kujua. Mwenye historia ya mawe ya figo, mjamzito, anayesubiri upasuaji, hao nao wabaki na ya kwenye chakula. Na kama tayari unavimeza, ukiona macho yameanza kuwa ya njano, mkojo umekuwa mweusi, mwili unawasha bila upele, umechoka na chakula hukitaki, usiseme ni rangi ya manjano inatoka mwilini, maana nimeshawasikia watu wakiambiana hivyo. Acha siku hiyohiyo, nenda hospitali wapime ini, na lile kopo nenda nalo.